Pilipili za Kizuka

"Zima hilo jiko! Nasema zima, we mwanamke, kabla sijafa nikakuachia dhambi!"

Bi Khawla alikuwa amesimama katikati ya uchochoro, mtandio kaubana puani kwa mkono mmoja, mkono wa pili kaushika ukuta. Juu yake, dirisha la ghorofa lilikuwa wazi nusu, na moshi ulikuwa ukitoka pale bila ya kuonekana. Ulijulikana kwa jinsi watu wanavyokohoa tu. Kila aliyekuwa akikata njia ya Kajificheni kwenda Darajani asubuhi ile alipita na macho mekundu kama aliyetoka kuzika.

"Naam, Bi Khawla," sauti ilijibu kutoka juu.

"Usinambie naam! Kila siku naam, naam, na moshi uko pale pale. Hiyo pilipili au sumu ya panya?"

"Pilipili, Bi Khawla. Bado kidogo. Naigeuza tu."

"Anaigeuza! Mmesikia? Sisi huku mapafu yanageuka, yeye anageuza pilipili."

Barazani, Mwanapili, mwanamke mnene aliyekuwa akikaanga bajia zake za kuuza, alipiga chafya mara tatu, akajifuta kwa pembe ya kanga. "Bi Khawla, muogope Mungu. Kizuka huyo. Mtu yumo edani hasemwi hivyo."

"Eda imemkataza kutoka nje. Haikumwambia atuue sisi tulio nje!" Bi Khawla alikohoa, viwili vifupi na kimoja kirefu, kisha akalitoa lililokuwa likimkera zaidi ya moshi. "Na sahani yangu iko wapi? Nimempelekea biriani siku ya tatu ya msiba, kwenye sahani ya ukingo wa kijani. Seti ya harusi yangu ile. Zilikuwa sita, imebaki hiyo moja. Miezi miwili sasa!"

Hapo Mwanapili alikoma kuwa mpatanishi, maana naye alikuwa na sinia lake huko juu. "Hilo la vyombo kweli," alisema, akitoa bajia mafutani. "Mie mkate wangu wa kumimina umeliwa, na sinia limeliwa nao."

Watu wakacheka. Simai wa mboga alisimamisha mkokoteni wake ili acheke vizuri. Dirishani ukatokea uso wa Rahila, mwembamba, umezungukwa na mtandio mweupe. Aliwatazama wote, mmoja mmoja.

"Sahani zinakuja," alisema polepole. "Zote zinakuja."

"Zinakuja!" Bi Khawla aliinua mikono. "Kwani zina miguu?"

Kicheko kikapanda mpaka ghorofani, dirisha likafungwa. Simai akaona asiache nafasi impite, akapaza sauti: "Mchina! Nazi hutaki leo? Teremsha kapu!"

Kapu halikuteremshwa.

 

Hakuwa Mchina. Mwaka wa kwanza alipohamia pale aliwaeleza, kwamba kwao ni Ufilipino, upande wa kusini ambako watu hupikia nazi kila siku kama wao wa Unguja. Wakaitikia, "Aa, sawa," na kesho yake wakamwita Mchina. Mumewe, Haroub, Mtumbatu aliyekula umri wake kwenye mitambo ya meli, ndiye pekee aliyekuwa akilitamka jina lake la Kiislamu kama jina la mtu. Walioana Maskati. Kiswahili alimfundisha yeye, na ndiyo maana Rahila aliitikia "naam" kama baharia anayeitwa na nahodha.

Haroub alikufa kwenye ngazi ya nyumba ile. Alikuwa akitoka sokoni na mfuko wa uduvi, vile vikamba vidogo vikavu, mkononi, moyo ukasimama. Wanawake wa mtaa walikuja, wakalia, wakapika, wakaleta sahani zilizofunikwa. Siku ya nane kila mtu akarudi kwake. Rahila akabaki na miezi minne na siku kumi ya kutovuka kizingiti, na vipande vya uduvi vikavu alivyokuwa akivikuta kwenye nyufa za ngazi kila akifagia. Ule uliobaki mfukoni hakuupika. Aliufunga kwa uzi, akautundika jikoni.

 

Hamed, mdogo wake Haroub, alikuja Jumatano. Hakuwa maharimu wake, kwa hiyo alisimama nje ya mlango, pazia likiwa baina yao. Rahila aliona viatu tu. Vilikuwa vimepigwa rangi, kama vya mtu aliyekuja kwa jambo zito.

"Shemegi, hujambo?"

"Sijambo. Habari za Kikwajuni?"

"Nzuri." Mfuko ukapitishwa chini ya pazia, mchele, sukari na mkate. "Bi Khawla amenijia nyumbani."

"Kikwajuni?"

"Kikwajuni. Kwa miguu. Mtu mzima yule, na magoti yake. Amenisomea orodha, moshi, vyombo vya watu, na kwamba humsalimu mtu."

"Nimo edani, shemegi. Nimsalimie wapi?"

Viatu vilisogea kidogo, vikarudi. Hamed hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa kuona haya, na mwenye haya akitumwa neno gumu hulitoa kwa haraka ili limtoke.

"Mie sikufukuzi. Haki yako katika nyumba hii ipo, na mali ya mjane sitaila. Lakini mtu huishi na watu, shemegi. Marehemu ndiye alokuwa mtu wako. Sasa wamekuchoka. Naona eda ikiisha nikukatie tiketi, urudi kwenu."

"Kwetu hapana mtu. Mama alikufa mwaka wa korona."

"Na hapa yupo nani?"

Hakulisema kwa ubaya. Lakini likishasemwa halikuwa na pa kwenda, likabaki mle chumbani.

"Ijumaa, baada ya sala, ntapita niwaulize majirani," Hamed aliendelea. "Hadharani, pasiwe na chuki. Wakisema wanakuridhia, kaa mpaka Mungu akuchukue. Wakisema hapana, mie sina mdomo."

"Kaburi sijaliona," Rahila alisema.

"Naam?"

"Kaburi la Haroub. Mmemzika nyie. Mie mpaka eda iishe ndo nilione. Kisha siku hiyohiyo nipande ndege?"

Viatu viligeuka mlangoni. Kisha vikashuka ngazi, taratibu, daraja moja moja.

 

Mtu akikaa ndani wiki baada ya wiki huanza kuwajua watu kwa masikio. Rahila aliijua saa kwa mafuta ya Mwanapili yanavyolia barazani, na kengele ya mkokoteni wa Simai. Na kwa sababu ya pilipili zake, alimjua kila mtu wa uchochoro ule kwa kikohozi. Cha Bi Khawla kilikuwa viwili vifupi na kimoja kirefu, na hicho alikisikia hata siku ambazo jiko halikuwashwa.

Madirisha yao yalitazamana, upana wa uchochoro tu baina yao. Saa saba mchana Bi Khawla alifungua redio, akatandika mkeka, akaweka chakula, akakifunika kwa kawa, akakaa. Watoto wake, Muhannad na Wafaa, wako Maskati na wana watoto wao. Alikaa hivyo muda, akisikiliza taarifa ya habari, kama anayengoja mtu anawe mikono. Kisha akafunua kawa, akala peke yake, haraka.

Rahila naye alikula kwa kusimama, ubavuni mwa jiko. Wiki saba zilikuwa zimepita tangu mtu aingie kwake na kukaa kitako. Siku nyingine aliisema salamu kwa sauti, apate kujua kama sauti bado ipo.

Kwenye ukingo wa dirisha la uani palikuwa na makopo saba ya rangi yaliyojazwa udongo, na kila kopo lina mti wa pilipili. Ndogo, nyekundu, ncha zimeelekea juu. Mbegu alikuja nazo kutoka kwao, ambako huitwa labuyo. Siku ya kwanza Haroub alipompeleka Darajani alikuta fungu la pilipili kichaa, akashangaa hadi akacheka peke yake mbele ya muuzaji. Zilikuwa hizo hizo. Zimetangulia kufika.

 

Alhamisi mchana Mwanapili alipanda ngazi akihema. Kwa kaka yake palikuwa na khitma jioni, na sinia la kuazima halikupatikana.

"Hodi! Hodi mwenye nyumba! Nimekuja kuchukua sinia langu, na ukiniambia linakuja lenyewe kwa miguu nakuapia ntalia."

"Karibu, Bi Mwanapili. Karibu, karibu." Rahila alisema karibu mara nyingi kupita kiasi, na Mwanapili akalisikia hilo.

Jikoni alisimama ghafla. Juu ya kanga iliyokunjwa, sahani zilipangwa zimeng'ara, na sinia lake likiwa chini kabisa. Kumi na moja kwa jumla. Kila moja ilibandikwa kipande cha karatasi kwa herufi kubwa: BI KHAWLA, BIRIANI, SIKU YA TATU. MWANAPILI, MKATE WA KUMIMINA, SIKU YA PILI. MAMA RIDHWAN, WALI WA NAZI. Pembeni palikuwa na chupa za jemu kumi na moja. Sita zimejaa pilipili za kukaanga katika mafuta, tano tupu.

"Nini hivi?"

"Sahani zenu."

"Sahani nimeziona, kipofu si mie. Chupa hizi?"

Rahila alikunja mikono kama mtoto wa chuo cha Kurani anayeulizwa sura. "Haroub alinambia sahani ya jirani hairudi tupu. Ikirudi tupu umemfungia mlango. Mie sokoni siendi. Mchele anaoniletea Hamed hautoshi sahani kumi na moja. Nna pilipili tu. Zikiiva nazichuma, nazikausha, nazikaanga. Sita tayari, tano bado. Sikutaka kutoa moja moja, mtu akasema fulani kapata, mie sikupata."

Mwanapili alitafuta pa kukaa, akaikuta mbuzi ya kukunia nazi, akaikalia. "Kwa hiyo moshi ule wote…"

"Ndio."

"Yaani we ulikuwa unatulipa fadhila huku unatuua!" Akacheka, tumbo likatikisika, na Rahila naye akatabasamu kwa sababu kicheko kilikuwa ndani ya nyumba. Kisha Mwanapili akakoma, akajifuta machozi, na hayakuwa ya pilipili.

"Mwanangu, sikiliza. Isiyorudi tupu ni sahani ya futari. Ya Idi. Ya harusi. Ya msiba haitiwi kitu. Ukiirudisha na kitu ni kama unamwombea mwenzio naye afiwe upate kumpelekea. Ya msiba huoshwa ikawekwa, na mwenyewe ndiye anayeifuata. Haroub hakukwambia?"

Rahila alifikiri. "Tulikuwa hatujafiwa," alisema.

Mafuta yalikuwa yanaungua huko chini barazani, na Mwanapili hakwenda kuyaepua.

"Mwenyewe ndiye anayeifuata?" Rahila aliuliza, kama anayetaka kuhakikisha somo.

"Mwenyewe. Anakuja, anakaa na kizuka, wanazungumza, anatoka na sahani yake. Ndo ilivyo."

"Basi mbona hamkuja?"

Hakuuliza kwa hasira. Aliuliza kwa sababu hakujua. Mwanapili alilitazama sinia lake, akaligeuza upande wa pili, kama vile jibu limeandikwa chini.

 

Mpaka alasiri mtaa mzima ulikuwa ushajua. Mwanapili hakupiga mbiu. Alisimulia tu kila aliyenunua bajia.

Wakaja. Baina ya alasiri na magharibi walipanda watu tisa, mmoja baada ya mwengine, macho chini. "Pole na msiba, bibi." "Ahsante." "Nimefuata kisahani changu." "Hichi hapa." Mama Ridhwan alisema ngazi ile ina giza, panahitaji taa. Mwengine alisema mtoto yuko peke yake nyumbani. Kila mmoja alikuwa na la kumkimbiza, maana aibu haikai kitako nyumba ya mtu. Walipokwisha, kanga ya jikoni ilibaki na sahani moja, na nyumba ikawa tupu kuliko asubuhi. Alau zile karatasi zilikuwa majina ya watu.

Sahani iliyobaki ilikuwa na ukingo wa kijani.

Ng'ambo, Bi Khawla alifunga dirisha lake mapema.

 

Ijumaa Rahila hakukaanga pilipili. Hapakuwa na haja tena ya chupa. Alizichuma mbichi, bakuli zima, akazipasua, akatoa mbegu kwa ncha ya kisu, akaziroweka kwenye maji ya chumvi kama mama yake alivyokuwa akifanya. Kwao pilipili ikipikwa hivi si kiungo, ni mboga yenyewe. Aliteremsha kapu, akapata nazi. Simai alimpa ndogo kwa bei ya kubwa, naye akaiona, akaipokea. Akaikuna, akachuja tui zito akaliweka kando, kisha tui jepesi, akalitia sufuriani na kitunguu na tangawizi.

Kisha akautazama mfuko uliotundikwa. Kama ni kuondoka, hataubeba uduvi kwenye ndege. Akaufungua.

Aliutia wote. Pilipili zikafuata, tui zito likaja mwisho, akapunguza moto, akakoroga mpaka mafuta ya nazi yakaanza kujitenga pembeni. Moshi haukuwapo. Ilikuwepo harufu, na ilitoka dirishani taratibu.

Chini, watu walikuwa wametoka msikitini. Alisikia sauti ya Hamed akisalimia, na mabaraza yakijaa.

"Majirani," Hamed alianza, "mnalijua lililonileta. Mjane wa ndugu yangu. Nataka neno lenu."

"Akae!" Mwanapili alisema kabla hajamaliza. "Anayemtaka aondoke na anirudishie bajia zangu zote alizokula kwa mkopo."

"Akae," wengine wakasema, chinichini.

"Ahsanteni. Lakini aliyenijia nyumbani ni Bi Khawla, na ndiye mkubwa wetu hapa. Nikipita juu ya kauli yake ntakuwa sina adabu. Shikamoo, Bi Khawla. Wasemaje?"

Rahila alishika ukingo wa dirisha. Kikaja kikohozi. Viwili vifupi, kimoja kirefu.

"Marahaba. Mie sina la kusema uchochoroni," Bi Khawla alisema. "Nafuata sahani yangu."

 

Alipanda ngazi kwa kupumzika mara tatu. Mlangoni alisimama, mkono kifuani. Rahila alikuwa amekwishaishika sahani kwa mikono miwili, tupu, imekaushwa, kama alivyofundishwa jana.

Bi Khawla aliipokea, akaigeuza mwangani.

"Haina ufa."

"Haina, Bi Khawla."

"Umeoshea nini?"

"Ndimu."

Mzee aliipitishia kidole ukingoni, mzunguko mzima. "Ningekuja zamani," alisema, bila ya kumtazama. "Magoti haya. Ngazi yako ina madaraja mengi."

"Naam. Kumi na tisa." Rahila alisita. "Kikwajuni mbali zaidi."

Bi Khawla aliinua uso. Ilikuwa mara ya kwanza kumtazama karibu namna ile, na akaona mwanamke aliyeanza kuota mvi. Shavu la Bi Khawla likacheza.

"Una mdomo kumbe."

"Samahani, Bi."

"Usiniombe samahani. Mdomo nlidhani huna." Akavuta hewa puani. Akavuta tena. "Leo sikukohoa kwa moshi. Unapika nini?"

"Pilipili kwa tui."

"Na mboga gani?"

"Pilipili ndo mboga."

"Astaghfirullah!"

"Nimeziroweka. Mbegu nimetoa. Haziumi, zinasema tu. Nimetia na uduvi. Wa Haroub. Ule alokuja nao siku ile."

Bi Khawla alisogea dirishani, labda kwa kutafuta hewa, na pale akasimama. Hakuwahi kuitazama nyumba yake kutoka upande huu. Ng'ambo, karibu kiasi cha kunyoosha mkono, alikuwa ameacha mkeka umetandikwa, kawa moja, bilauri moja, na redio ikizungumza peke yake.

"Kila siku unaniona," alisema.

"Kila siku. Saa saba."

Chini Hamed alikohoa kwa adabu. "Bi Khawla! Tunangoja neno lako!"

Mzee alitoa kichwa dirishani. "Hamed!"

"Labeka!"

"Mkeo hajapika? Nenda kwenu ukale, baba. Na hiyo tiketi mkatie nyanyako."

Uchochoro ukalipuka kwa vicheko, na sauti ya Mwanapili ikawa juu ya zote. Bi Khawla akarudisha kichwa ndani. Walisimama wawili wale, sahani baina yao, na wote wawili hawakujua mtu akifika hapo hufanya nini tena.

"Bi Khawla," Rahila aliuliza, "kizuka anaruhusiwa kukaribisha mtu?"

"Nani kakukataza?"

"Sijui. Sikuwa na wa kumuuliza."

"Haya, ushaniuliza mie."

Rahila aliichukua ile sahani mikononi mwa Bi Khawla, taratibu, akaenda nayo jikoni. Akapakua wali. Akachota pilipili na tui lake, na uduvi, akamwagia juu hadi ukingo wa kijani ukapotea. Akatandika mkeka katikati ya chumba, mahali ambapo hapakukaa mtu tangu siku ya nane ya msiba, akaleta birika la maji na beseni.

"Karibu, Bi Khawla," alisema. "Nawa, tule."